Aliua au hakuua? Jibu kwa msomaji aliyegombana na kaka yake kuhusu 12 Angry Men

"Shikamoo mwalimu. Wiki mbili zilizopita tulionyeshwa filamu ya 12 Angry Men hapa chuoni. Nilipoona ni ya mwaka 1957, haina rangi, na ni wanaume kumi na wawili waliofungiwa chumbani, nilikaa kiti cha nyuma ili nitoroke mapema. Sikutoroka. Nyumbani nikaitazama tena na kaka yangu, ambaye ni askari, tukagombana. Yeye anasema filamu ile inafundisha watu kumwachia muuaji kwa maneno matamu, maana yule kijana alimuua baba yake, jambo liko wazi. Mimi nasema hakuua. Nani yuko sahihi? Na kwa nini filamu ya watu kukaa mezani inanishika hivi, wakati hizi za risasi na magari nazisahau kabla sijafika nyumbani? La mwisho, naomba usinicheke: binamu yetu yuko rumande kwa kesi ya mauaji, na shahidi ni mmoja tu, aliyemwona usiku. Je, hoja za yule bwana wa suti nyeupe zinaweza kumsaidia?"

Marahaba, mwanangu. Sikucheki hata kidogo. Swali lako la mwisho ndilo zito kuliko yote na nitalifikia, ila acha nianze na ugomvi wako na kaka, kwa sababu la binamu limejificha humo humo.

Mmekosea nyote wawili. Kaka anasema aliua, wewe unasema hakuua, na filamu yenyewe haisemi hili wala lile. Irudie uone: hakuna anayekuja kuungama mwishoni, hakuna mahali tunaporudishwa usiku wa tukio, hakuna muuaji mwingine anayekamatwa. Uso wa mshtakiwa tunauonyeshwa mara moja tu, kwa sekunde chache, kisha wajumbe wa juri, wale raia kumi na wawili wanaoamua kesi, wanaingia chumba chao na mlango unafungwa kwa ufunguo. Huyo bwana wako wa suti nyeupe, mjumbe namba 8 anayeigizwa na Henry Fonda, anapoulizwa kama kweli anaamini kijana hakuua, anajibu kwamba hajui. Na baadaye, wengi wakiwa wameshahamia upande wake, anakiri mbele yao kwamba huenda wanamwachia mtu aliyeua.

Nimefundisha sheria ya ushahidi kwa miaka mingi, na filamu hii huionyesha karibu kila mwaka. Taa zikiwashwa tu, swali la kwanza huwa hilo lenu. Kinachotuponza ni mazungumzo yetu ya kila siku. Mtu akiachiwa tunasema "ameonekana hana hatia", kana kwamba jaji ameangalia moyo wake akaukuta mweupe. Jaji hana macho hayo. Anachosema ni kwamba upande wa mashtaka ulileta shtaka na ukashindwa kulithibitisha pasipo kuacha shaka yenye msingi. Mzigo ni wa anayeshtaki tangu mwanzo hadi mwisho. Mshtakiwa halazimiki kuthibitisha kwamba ni mwema. Kwa hiyo kaka yako anaweza kuamini kijana aliua, na bado uamuzi wa wale kumi na wawili ukawa halali. Hayo mawili yanakaa nyumba moja bila kugombana. Ni nyinyi mliogombana.

Kwa wasomaji wengine ambao hawajaitazama: kijana wa miaka 18 kutoka mtaa wa maskini wa New York anashtakiwa kumchoma baba yake kisu. Akitiwa hatiani, ni kiti cha umeme, jaji hana hiari. Kwa utaratibu wa kule, uamuzi uko mikononi mwa raia kumi na wawili wa kawaida, yaani juri, na lazima wote waafikiane. Kura ya kwanza: kumi na mmoja wanasema ana hatia, mmoja anasema hana. Kuanzia hapo, dakika zote zilizobaki ni za kubishana.

Tuje kwa nini inakushika. Watu huiita filamu ya mahakama, lakini mahakama yenyewe karibu haimo. Filamu ina dakika 96, na nje ya kile chumba hazifiki dakika nne. Jaji tunayemwona anasoma maelekezo yake kwa sauti ya mtu anayesubiri kwenda kula. Hakuna wakili anayepiga meza wala shahidi anayelia kizimbani. Kesi imekwisha kabla filamu haijaanza, na sisi watazamaji hatukuisikia. Tunaisikia kwa vipande, kutoka kwa watu wenye njaa, wenye haraka, mmoja wao ana tiketi ya mpira wa besiboli mfukoni. Tunajenga kesi kichwani mwetu huku wao wakiibomoa. Mtazamaji anafanyishwa kazi, na kazi uliyoifanya kwa mikono yako huisahau kwa shida.

Mwandishi, Reginald Rose, aliipata habari hii kwa kukaa yeye mwenyewe kwenye juri huko New York. Aliiandika kwanza kama mchezo wa televisheni uliorushwa moja kwa moja mwaka 1954. Miaka mitatu baadaye Fonda na Rose wakaizalisha kama filamu na kumpa kazi ya kuiongoza Sidney Lumet, kijana wa televisheni ambaye hakuwa amewahi kuongoza filamu ya sinema. Walifanya mazoezi wiki mbili kama watu wa jukwaani, kisha wakapiga picha zote kwa muda usiozidi wiki tatu hivi. Gharama haikufika dola 400,000. Na wala usidhani ilipotoka watu walivunja milango kuingia. Mauzo yalikuwa ya kusuasua. Ilipata tuzo kuu ya tamasha la Berlin, lakini kwenye Oscar iliteuliwa mara tatu na mara zote tatu ikashindwa na filamu moja, The Bridge on the River Kwai. Iliyoikuza ni televisheni na madarasa kama hayo ya chuoni kwenu.

Sasa hapa nitakaa kidogo, maana ndipo penye utamu. Uliona jinsi chumba kile kinavyozidi kuwa kidogo? Hukukosea. Lumet alieleza baadaye alivyofanya pamoja na mpiga picha wake, Boris Kaufman. Theluthi ya kwanza ya filamu, kamera iko juu ya usawa wa macho na lenzi ni pana. Tunawatazama wajumbe kutoka juu, nafasi ipo, hewa ipo. Katikati, kamera inashuka hadi usawa wa macho. Theluthi ya mwisho inakaa chini, inawatazama kwenda juu, hadi dari linaanza kuonekana. Na muda wote huo lenzi zinabadilishwa kidogo kidogo kuwa ndefu zaidi. Lenzi ndefu huvuta ukuta wa nyuma ukamsogelea mtu. Hakuna aliyesogeza ukuta, lakini wewe kwenye kiti chako unaona kola imekubana. Ongeza joto la siku ile, feni isiyofanya kazi, madirisha mazito, mashati yaliyolowa, kisha mvua inashuka. Filamu za leo hukimbiza gari ili moyo wako udunde. Lumet aliusogeza ukuta taratibu, wewe hujui, na moyo ukadunda vilevile. Mwishoni kabisa, wanapotoka nje kwenye ngazi zilizolowa, anarudi kwenye lenzi pana. Ndiyo maana unavuta pumzi.

Lakini ufundi wa kamera peke yake hauwezi kudumu miaka karibu sabini. Kinachodumu ni kwamba filamu hii inaonyesha kitu kigumu kuliko vyote kuonyesha: mtu akibadili mawazo. Nikupe mfano mmoja, usimamishe hapo ukirudi kuitazama. Mjumbe namba 4, yule wa miwani, dalali wa hisa. Mtu nadhifu, koti halivuliwi, mapema kabisa anasema yeye huwa hatoki jasho. Kijana alidai usiku wa tukio alikuwa sinema, ila polisi walipomhoji hakukumbuka majina ya filamu wala waigizaji. Kwa namba 4 huo ni uongo uliothibitika. Fonda hambishii. Anamuuliza tu: jana usiku ulifanya nini? Juzi? Siku iliyotangulia juzi? Taratibu wanarudi nyuma hadi usiku aliokwenda sinema na mkewe. Filamu ya kwanza anaitaja. Ya pili anakosea jina, mwenzake anamrekebisha. Waigizaji je? Anasita. Anakumbuka kwa taabu. Na hapo kamera iko karibu na uso, anatoa leso, anajifuta kipaji cha uso. Ametoka jasho. Wala yeye hakuwa ametoka kuhojiwa na polisi huku maiti ya baba yake iko chumba cha pili. Hakuna aliyemwambia "umeona?". Haikuhitajika.

Ni huyo huyo ambaye baadaye anavua miwani na kujisugua pande mbili za pua, pale miwani inapokandamiza. Mzee kuliko wote, namba 9, anamtazama, anamuuliza kwa nini anajisugua vile. Kisha anakumbuka kwamba yule mama aliyedai kuona mauaji, kupitia madirisha ya treni inayopita, ng'ambo ya reli, akiwa amelala kitandani, naye alikuwa na alama hizo hizo puani. Mahakamani hakuvaa miwani. Je, mtu hulala na miwani? Kumbuka: mzee hakusema mama yule ni mwongo. Fonda anasema huenda aliona kivuli akajiaminisha kwamba ameona uso. Kwa uzoefu wangu hilo ndilo somo linalowaingia wanafunzi kuliko vitabu vyote ninavyowapa, kwamba shahidi mwaminifu anaweza kukosea, na akakosea kwa uhakika mkubwa. Huwa nawafanyia mzaha mmoja. Filamu ikiisha nawauliza yule kijana aliyeingia katikati kuchukua karatasi ya mahudhurio alivaa shati la rangi gani. Mwaka mmoja nilipata rangi tano, zote kwa viapo, kutoka safu ya mbele.

Halafu kuna mjumbe namba 10, mwenye mafua, anayeanza kutukana "watu wale". Watu gani? Filamu haisemi kijana ni wa asili gani. Nafasi imeachwa wazi, na kila nchi imeijaza yenyewe. Wahindi waliitengeneza kwa Kihindi mwaka 1986, Warusi mwaka 2007 wakamweka kijana wa Kichechnya. Nawe ukiitazama ukiwa Mwanza au Mombasa utajaza unaowajua. Kila mtaa una "watu wale" wake. Anapokuwa anabwata, wenzake wanainuka mmoja mmoja na kumpa mgongo. Namba 4, anayeamini bado kwamba kijana ana hatia, ndiye anayemwambia akae na asifungue mdomo tena.

Haya, sasa nimtetee kaka yako, kwa sababu ana hoja, na ukiwa mwanasheria mtarajiwa usiipuuze. Fonda anabomoa ushahidi kipande kimoja kimoja. Kisu kinaweza kufanana na kingine. Mzee wa ghorofa ya chini, aliyedai kusikia ugomvi, anaweza kuwa alisikia vibaya. Mama anaweza kuwa hakuona vizuri. Kila kimoja kinawezekana. Lakini vyote kwa pamoja, usiku mmoja, dhidi ya kijana mmoja? Mahakama haipimi ushahidi kama mtu anayechambua mchele, akitupa punje moja moja, inautazama mzima. Filamu haikai sana kwenye hilo, na nadhani inalikwepa.

Na lipo la pili. Yule bwana unayempenda alivunja sheria. Anatoka usiku, anakwenda mtaa wa mshtakiwa, ananunua kisu kinachofanana na kielelezo, kesho yake anakichomeka mezani kando ya kile cha mahakama. Sinema nzuri mno, mikono inanisisimka kila mara. Kisheria ni balaa. Mjumbe wa juri anaruhusiwa kuamua kwa ushahidi uliotolewa mahakamani tu, ambao pande zote mbili zimepata nafasi ya kuuhoji kwa maswali ya dodoso. Kisu kile hakuna aliyekidodosa. Jaji angejua, kesi ingeanza upya. Jaji Sonia Sotomayor wa Mahakama ya Juu ya Marekani aliwahi kueleza kwamba filamu hii ilichangia kumvuta kwenye sheria, lakini alipokuwa jaji wa ngazi za chini aliwaonya wajumbe wa juri wasiige waliyoyaona humo, kwa kuwa mengi ni kukisia. Naafikiana naye kwa yote mawili, kuipenda na kuonya.

Usisahau pia kwamba hatuna juri. Kenya ya ukoloni ilikuwa nayo kwa washtakiwa Wazungu. Mwafrika alihukumiwa na jaji akisaidiwa na washauri. Kenya iliwaondoa washauri hao mwaka 2007. Tanzania Bara jaji wa Mahakama Kuu alikaa na wazee wa baraza, washauri wa aina hiyo hiyo, katika kesi kama za mauaji hadi sheria iliporekebishwa mwaka 2022. Sasa husikiliza peke yake isipokuwa kukiwa na haja. Na hata walipokuwepo, maoni yao hayakumfunga jaji. Kwa hiyo kwetu hakuna chumba kile. Kuna mtu mmoja anayelazimika kuandika sababu zake, na Mahakama ya Rufani inaweza kuzisoma na kusema hapa umekosea. Juri haiandiki sababu. Nani afadhali? Nimebadili mawazo mara kadhaa. Leo nachagua sababu zilizoandikwa.

Sasa binamu yako.

Kwanza ondoa hili kichwani: "shahidi ni mmoja tu" si utetezi. Sheria yetu ya ushahidi haitaji idadi maalumu ya mashahidi. Mmoja anayeaminika anatosha kumtia mtu hatiani. Swali ni aliona nini, na aliona vipi. Hapo filamu na sheria yetu zinakutana. Mwaka 1980 Mahakama ya Rufani ya Tanzania ilitoa hukumu ambayo kila wakili wa jinai anaijua: ushahidi wa kutambua kwa macho ni dhaifu kuliko aina nyingine, na mahakama isiutegemee mpaka uwezekano wote wa kukosea umeondolewa. Ikataja mambo ya kuangaliwa. Shahidi alimtazama mtu kwa muda gani? Kwa umbali gani? Ilikuwa mchana au usiku, na mwanga ulitoka wapi, ulikuwa na nguvu kiasi gani? Alimfahamu kabla, au ndiyo mara ya kwanza kumwona? Hukumu za baadaye zikaongeza: alimtaja mapema, kwa mtu wa kwanza aliyekutana naye na kwa polisi, au jina lilikuja siku kadhaa baadaye? Na kama alikuwa mgeni kwake, je, gwaride la utambulisho, yaani shahidi kumchagua mshukiwa kati ya watu waliopangwa mstari, lilifanyika, na alikuwa ameeleza sura na mavazi kabla ya gwaride?

Kwa hiyo ndiyo, fikra za mzee yule wa alama za miwani zinaweza kumsaidia binamu. Lakini zipitie kwa wakili, mahakamani, kwenye dodoso. Zisipitie kwako. Nakusihi usiende kwa shahidi "kumuuliza tu". Usipime hatua pale kwenye tukio mbele ya majirani kama Fonda anavyopima hatua za yule mzee wa ghorofa ya chini hadi mlangoni na kupata sekunde 41. Kuingilia shahidi ni kosa la jinai, na mtakuwa wawili ndani. Kaka yako naye, kwa kuwa ni askari, ajiweke mbali kabisa na jalada lile. Akilifungua hata kwa nia njema, atamharibia binamu na kazi yake pia.

Mnachohitaji ni mtu wa kuonana naye uso kwa uso, tena mapema. Kesi ya mauaji haina dhamana, na itatajwa mara nyingi kabla haijafika Mahakama Kuu. Kama familia haina uwezo, mshtakiwa wa mauaji hupangiwa wakili kwa gharama za serikali, lakini mara nyingi wakili huyo huonana naye akiwa amechelewa na jalada mkononi. Msisubiri. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 inatambua mashirika na wasaidizi wa kisheria wanaotoa huduma bure. Ulizeni ustawi wa jamii wilayani, au Kituo cha Sheria na Haki za Binadamu, au Chama cha Mawakili Tanganyika. Kama alihojiwa na kuandika maelezo polisi, wakili aambiwe siku ya kwanza: lini, saa ngapi, nani alikuwepo, alipigwa au hakupigwa.

Mimi sijaona jalada lake, na kwa barua siwezi kukwambia atashinda. Siku ya kumtembelea, nenda na daftari. Msimkumbushe, msimpe majibu, mwache aseme mwenyewe, wewe andika, kisha mpelekee wakili. Anza na mwanga wa usiku ule: ilikuwa taa gani, ilikuwa wapi, na nani aliiwasha.